Milcah wa Shule Isiyofundisha

Katika Shule ya Mbegu Huru neno "mwalimu" lilikuwa marufuku. Milcah aliambiwa hivyo siku yake ya kwanza ya kazi, kabla hata hajaonyeshwa choo. Watu wazima wa pale waliitwa wasindikizaji. Mtoto ni msafiri, mwenye shule alimweleza, na kazi ya mtu mzima ni kutembea kando yake, si kumvuta mkono. Milcah, ambaye cheti chake cha ualimu kilikuwa kimeanza kugeuka rangi ndani ya bahasha, aliinamisha kichwa akakubali. Mtu aliyetoka kwenye sakafu ya baridi ya shamba la maua, akisimama kutwa kupanga waridi kwa urefu wa shina, hana nguvu ya kugombana na neno.

Alikuwa mtoto wa Nakuru. Babu yake alitoka Bungoma kuja kufanya kazi ya reli, baba yake akaingia kiwandani, na Milcah ndiye aliyetarajiwa kuwa wa kwanza katika ukoo kula mshahara wa chaki. Akasoma chuo, akamaliza vizuri, akakaa kungoja serikali imwajiri. Akangoja. Wenzake waliokuwa na mjomba mahali fulani wakaajiriwa. Yeye akateremka Naivasha kwenye mashamba ya maua, na huko akakuta walimu wengine waliofunzwa, wamevaa kofia za plastiki, wanahesabu petali. Hii ndiyo nchi yetu: watoto wa umma wamebanana kwenye dawati kama viberiti, na mtu aliyefundishwa kuwafundisha yuko kwenye jokofu anafunga maua ya harusi za watu asiowajua.

Chumba chake cha kwanza kilikuwa Kihoto. Ziwa lilipopanda lilimfuata mpaka kitandani, akabeba godoro kichwani akahamia Karagita, kwenye ploti ya vyumba vinavyotazamana na bomba moja katikati. Chumba cha kushoto aliishi Nerima, mfanyakazi wa maua pia, pamoja na binti yake Fancy. Ukuta wa kati ulikuwa mwembamba kiasi kwamba Nerima akipiga chafya Milcah alisema "pole" bila kuinuka.

Mbegu Huru ilikuwa mwendo mfupi wa boda kutoka hapo, lakini ilikuwa dunia nyingine. Hakukuwa na kengele, sare wala madarasa. Watoto walifuga mbuzi, wakapanda miti, wakapika pizza kwenye tanuri la udongo, na waliwaita watu wazima kwa majina yao kama wanaita marika. Mwenye shule, Sydney, alikuwa kijana wa Nakuru aliyesomea ng'ambo na kurudi na imani mpya. Alitembea miguu mitupu kwenye nyasi zilizokatwa alfajiri na watu waliovaa gambuti. Aliamini kwamba herufi humwita mtoto wakati wake ukifika, na kwamba anayemfundisha kusoma kabla hajaitwa anamvunja kitu ndani ambacho hakitengenezeki tena. Wazo lenyewe si baya. Nani kati yetu hakuchapwa kwa kushindwa kusoma? Nani hakukojoa kwa hofu ya ubao? Ndiyo maana wengi walimwamini, na ndiyo maana yaliyofuata yanachoma zaidi.

Kila Ijumaa shule nzima iliketi kwenye nyasi katika mviringo ulioitwa Duara. Katikati kulikuwa na jiwe jeusi linalong'aa kama chupa, lililookotwa upande wa Hell's Gate. Aliyeshika jiwe ndiye aliyesema, awe mtoto wa chekechea au Sydney mwenyewe, na hakuna aliyeruhusiwa kumkatiza mpaka aliweke chini. Kila mzazi mpya alishika jiwe hilo akaapa mbele ya wote: hatamfundisha mtoto herufi nyumbani, hatamwajiria mtu wa tuition, hatamuuliza leo umesoma nini. Atasubiri.

Wengi wa wazazi hao walikuwa watu wenye magari marefu na nyumba za kando ya ziwa. Lakini shule ilitoa pia nafasi chache za bure kwa watoto wa wafanyakazi wa maua, na watoto hao ndio waliojaza picha za matangazo. Fancy alipata nafasi moja. Nerima alishika jiwe kwa mikono miwili, akaapa kwa sauti kama anabatizwa.

Muhula haukuisha kabla Abby, mama wa mvulana aitwaye Micah, hajamvuta Milcah pembeni pale magari yanapoegeshwa.

"Ticha, kuja kidogo."

"Hapa mimi si ticha, Mama Micah."

"Wacha hizo. Jumapili tulienda kwa nyanya yake, akampatia Biblia asome mstari mmoja mbele ya watu. Aki nilitaka ardhi inimeze. Mtoto wa miaka nane anaangalia kitabu kama mbuzi anaangalia televisheni. Utakuja nyumbani jioni umfunze?"

"Lakini uliapa."

"Niliapa, ndio. Kuapa ni kuapa, na mtoto ni mtoto. Na tafadhali, usiambie mtu. Hawa wengine ni waaminifu sana, watanitoa kwa WhatsApp group."

Milcah alikwenda. Wiki iliyofuata mama wa msichana aitwaye Shiru akamvizia mahali pale pale, na maneno yalikuwa karibu yale yale: ni mimi tu, nakuomba usiambie mtu, wenzangu ni wakamilifu. Kisha mwingine. Kisha mwingine. Jioni zake zikajaa. Alikuwa anatoka nyumba moja anaingia ya jirani, boda inamngoja getini, na kila nyumba iliteremsha mapazia ya jikoni kana kwamba wanapika pombe haramu ya chang'aa. A, e, i, o, u. Ba, be, bi, bo, bu. Kila mzazi aliamini yeye ndiye mwongo peke yake katika kundi la watakatifu.

Na watoto walisoma. Mbona wasisome? Walikuwa werevu, wameshiba, na wana mwalimu aliyesomea kazi hiyo. Micah alikaa chini ya mti siku moja pale shuleni, akafungua kitabu, akasoma ukurasa mzima kwa sauti. Sydney alitokwa na machozi. "Ameitwa!" alilia. "Herufi zimemwita!" Ngoma zikapigwa, mtoto akazungushwa Duara, video ikatumwa kwa wafadhili. Milcah alisimama nyuma akipiga makofi.

Baada ya hapo waliitwa wengine, mmoja mmoja, sawasawa na ratiba yake ya jioni.

Fancy hakuitwa. Alikuwa mtoto mkimya, anajua kukamua mbuzi kuliko wote, anajua kuchora ndege wa ziwani hadi unasikia mabawa. Lakini kitabu alikishika tu. Milcah hakuvumilia. Alimkuta Nerima bombani akijaza mtungi, akasema polepole ili ploti isisikie.

"Mama Fancy, wacha nimfunze huyu mtoto. Nusu saa jioni, bure."

Nerima alifunga bomba kwa nguvu. "Wee mwalimu, unataka nifukuziwe mtoto? Si nilishika jiwe?"

"Hata mimi niliapa siku niliyoajiriwa."

"Basi kaa na kiapo chako. Wao watamweka nani, mtoto wangu ama wa mwenye Prado? Wa Prado akikosea ataambiwa pole. Wangu atarudi hapa siku hiyo hiyo." Akauinua mtungi. "Halafu yule mtu alinieleza vizuri. Ukimlazimisha unamvunja. Mimi nilivunjwa na kiboko, nikatoka shule nikiwa darasa la sita, ndio unaniona kwa maua. Fancy asivunjwe. Tutasubiri."

Neno lilikuwa limefika kwenye ncha ya ulimi wa Milcah: hakuna anayesubiri, dada, ni nyinyi wa Karagita tu. Akalimeza. Siri za watu zilikuwa ndizo kodi yake ya nyumba, na alijiambia kwamba mtoto bado mdogo, muda upo.

Muda haukuwepo. Fancy alitimiza miaka kumi na moja, gredi ya sita ikakaribia, na gredi ya sita ina mtihani wa taifa ambao hata Mbegu Huru haikuweza kuukwepa. Sydney aliwaita wasindikizaji chini ya mgunga, akakunja miguu, akatabasamu kwa huzuni.

"Watoto wetu wa Karagita bado hawajaitwa," alisema. "Kuwasajili kwa mtihani ni ukatili. Tutawaachilia kwa upendo kabla ya usajili."

"Waende wapi?" Milcah aliuliza.

"Shule za umma zilizo karibu nao. Tumejifunza kitu hapa, wenzangu. Mbegu tuliipanda vizuri. Lakini pengine mazingira ya nyumbani hayana kiu ya kusoma."

Mazingira ya nyumbani! Damu ilimpanda Milcah mpaka masikioni. Ukuta mmoja ulimtenga na mazingira hayo. Aliyajua: mama anayeamka gizani kuwahi basi la shamba, anayerudi vidole vimechanjwa na miiba, na bado anamwambia mtoto wake kila usiku, subiri tu, mama, herufi zitakuita.

"Na nafasi zao?"

"Tutachukua wengine, wadogo zaidi. Wafadhili wanapenda wadogo."

"Sydney, wale waliosoma, unadhani wamesomaje?"

Desturi ya pale ilikuwa swali kurudishwa kwa mwenye swali. Sydney aliinamisha kichwa. "Wewe unadhani wamesomaje?"

"Mimi sidhani. Mimi najua."

"Vizuri sana," alisema, naye alikuwa ameshaanza kuinuka. "Lilete hilo kwenye Duara."

Usiku huo Milcah alimwambia Nerima kwamba Fancy anatolewa. Nerima alikataa kuamini. Mpaka asikie kutoka kwa mdomo wa Sydney mwenyewe, alisema. Akabadilishana zamu na mwenzake, na Ijumaa akaja amevaa gauni la kanisani na viatu vilivyokuwa vinambana, akaketi kwenye nyasi kati ya wazazi waliokuja na mito yao ya kukalia.

Sydney alishika jiwe. Alimwita Fancy katikati, akamwekea mkono begani, akasema maneno mazuri. Fancy ni mbegu ambayo msimu wake bado haujafika. Fancy ana hekima ya mbuzi na ndege. Fancy leo anaachiliwa aende akaote kwingine, na sisi tunamshukuru. Wazazi walipiga makofi laini. Mmoja alijifuta jicho. Sydney akampa mtoto jiwe, kama ilivyo desturi ya kuaga.

Fancy aliligeuza mikononi. "Sydney, nimekosea nini?"

"Wewe unaonaje, Fancy?"

Mtoto alifikiri. "Naona nilisubiri vile mlisema."

Akaliweka jiwe chini, taratibu, lisimuumize mtu. Hakuna aliyepiga makofi.

Milcah hakukumbuka baadaye jinsi alivyofika katikati. Alijikuta jiwe liko mkononi, na sauti yake ni ile ya chuo, ya kufika dawati la nyuma.

"Jina langu ni Milcah. Mimi ni mwalimu."

Wasindikizaji walitazamana kama ametukana.

"Nina swali, na leo sitaki linirudie. Micah, nani alikufunza kusoma?"

Micah alimwangalia mama yake. Abby alitikisa kichwa kidogo tu, kama mtu anayefukuza nzi. Lakini Shiru, ambaye alikuwa na miaka saba na hajawahi kunyamaza maishani, aliruka.

"Ni wewe! Mimi ni wewe ulinifunza! Kwa meza ya jikoni, na mama anafunga pazia!"

"Hata kwenu anakujanga?" Micah alisahau mama yake kabisa. "Mum alisema ni sisi tu!"

"Hata kwetu!"

"Na kwetu! Siku ya Alhamisi!"

Mikono ya watoto ikainuka kila upande wa mviringo. Walikuwa wanacheka, wanasukumana, wamefurahi kama watu waliogundua kwamba wote wanaota ndoto moja. Wazazi hawakucheka. Walianza kutazamana, kwanza kwa aibu, kisha kwa hasira. "Wewe pia?" mama Shiru alimwuliza Abby. "Na vile ulinihubiria kuhusu imani kwa birthday ya mtoto!"

"Milcah, tafadhali," Sydney alisema, "weka chini tu—"

"Sydney!" Shiru alimkaripia. "Ameshika jiwe."

Akanyamaza. Ilikuwa sheria yake.

"Hakuna herufi iliyoita mtu hapa," Milcah alisema. "Mliniita mimi. Mlinilipa, mkaniambia ninyamaze, nikanyamaza, na hiyo nitaijibu mbele za Mungu. Lakini mlikaa hapa leo mkapiga makofi mtoto akifukuzwa kwa sababu hajui kitu ambacho watoto wenu walifunzwa kwa siri. Mlijua! Kila mmoja alijua wake. Na huyu," alimwonyesha Sydney, "anasema nyumbani kwa Fancy hakuna kiu. Katika uwanja huu wote mzazi aliyetii kiapo ni mmoja. Yule pale. Mama Fancy. Alikiamini nyinyi mkikichezea, na mtoto wake ndiye anayetolewa."

Aliweka jiwe chini. Alitegemea Nerima ainuke amsute Sydney, au alie, au amshukuru. Nerima aliinuka. Hakumtazama Sydney hata kidogo. Alimtazama Milcah, kwa muda mrefu, kwa macho ambayo Milcah hakuwahi kuyaona yakielekezwa kwake. Kisha akamshika Fancy mkono, wakapita kati ya mito, wakaondoka.

Kilichobaki kilikuwa cha kutapisha. Wazazi waligombana kuhusu nani alianza. Mmoja alitaka kujua kama video za wafadhili zitafutwa. Mwingine aliuliza kama mwanawe atahesabiwa kuwa aliitwa au hakuitwa. Jina la Fancy halikutajwa tena hata mara moja. Sydney alimfuata Milcah hadi kwenye banda la mbuzi, sauti yake laini kama siagi.

"Umevunja uaminifu wa jamii yetu, Milcah. Tutakuachilia."

"Sema unanifukuza. Neno lipo."

Getini gari la Abby lilisimama kando yake, kioo kikashuka.

"Ticha, umetuanika vibaya sana. Mbele ya watu!" Akaangalia kioo cha nyuma. "Lakini Jumanne si utakuja? Micah bado hajamaliza kitabu."

"Nitakuja. Na Fancy. Watakaa meza moja."

"Ticha, unajua vile mzee wangu ako. Na askari wa geti, maswali…"

"Basi mlete Micah Karagita. Nitamfunza pamoja na wenzake wa huko."

Abby alicheka. Alipoona Milcah hacheki, kicheko kilimkauka usoni, na kioo kikapanda.

Milcah alitembea kwa miguu hadi Karagita, vumbi likimpanda mpaka magotini, akiwa amepanga la kumwambia Nerima. Hakupata nafasi ya kulisema. Nerima alikuwa mlangoni, gauni la kanisani bado mwilini, viatu amevitupa uani.

"Ulijua."

"Mama Fancy…"

"Ulijua! Kila jioni umepita hapa, hapa kwa huu mlango, umejipaka mafuta, unaenda kufunza watoto wa watu. Mimi nakupungia mkono kama mjinga. Nakwambia safari njema!"

"Nilikuomba nimfunze. Ulinikataza."

"Ningekukataza kama ningejua wanadanganya wote? Ungeniambia neno moja tu! Moja! Wa Prado walikuwa na siri, sawa, ni watu wao kwa wao. Wewe ni wetu. Unanisikia nikikohoa usiku!"

Wapangaji walikuwa wameshatoka milangoni. Milcah alisimama karibu na bomba mikono imening'inia. Ile hasira aliyokuwa ameibeba kutoka shuleni, nzuri, safi, yenye haki upande wake, ilimgeukia yeye, na hakupata pa kuikwepa.

"Nilikosa," alisema. "Nisamehe."

"Msamaha sina leo. Hata kesho sijui." Nerima alisogea pembeni ya mlango. "Unangoja nini hapo? Ingia umfunze mtoto."

Ndani, Fancy alikuwa ameketi kitandani. Milcah alitafuta cha kuandikia, hakuona. Nerima akainama kwenye jiko, akatoa kipande cha mkaa kilichopoa, akakiweka kiganjani mwake.

"Andika kwa mlango."

"Mwenye ploti ataleta maneno."

"Alete."

Milcah aliandika kwenye mbao za mlango, herufi kubwa, ba, be, bi, na majirani wakasogea kuona. Mama wa chumba cha mwisho alimsukuma mbele mtoto wake, aliyeachiliwa siku hiyo hiyo bila hata kuwekwa katikati ya Duara. Milcah akamwonyesha mahali pa kuketi. Fancy alitamka ya kwanza, akatamka ya pili, ya tatu ikamshinda. Akageuka kumtazama mama yake kwa hofu, kama mtu anayengoja kusikia kitu kikivunjika.

Hakikuvunjika kitu. Nerima alikuwa amesimama nyuma yao, mikono kiunoni, uso haujalegea hata kidogo.

"Mwambie arudie," alimwambia Milcah.

Fancy akarudia.

"Tena."